Mbele ya Kiti cha Enzi: Kuhusu Korali ya Mwisho ya Johann Sebastian Bach

Kati ya vipande vyote vya kinanda alivyoviacha Johann Sebastian Bach, pengine hakuna kilichohubiriwa kuliko kile kifupi cha vipimo 45 kiitwacho "korali ya kitanda cha mauti". Wapiga ogani huonyesha ustadi wao kwa fuga kubwa na tokata. Wahubiri hukitafuta hiki. Habari zake husimuliwa hivi: mzee amelala kitandani mjini Leipzig, mwezi wa Julai 1750, macho yamepofuka, fuga yake kuu imekatika katikati. Anamwita mkwewe, na bila karatasi wala kinanda anamtamkia noti baada ya noti wimbo wa kuagana na dunia. Kisha anakata roho. Ni habari nzuri, nayo imewafariji wengi. Makala haya yanakusudia kuuliza kama ni ya kweli, na kama si ya kweli yote, mhubiri aitumieje. Maana sisi tuliokabidhiwa Neno la kweli hatuna ruhusa ya kuwafariji waliofiwa kwa jambo ambalo hatukujali kulichunguza.

Tuanze na ushuhuda wa kwanza. Bach alifariki tarehe 28 Julai 1750. Mwaka uliofuata, 1751, warithi wake walitoa kitabu kiitwacho Die Kunst der Fuge, yaani Ustadi wa Fuga, kazi ambayo ndani yake kiini kimoja cha muziki kinageuzwa kwa namna nyingi za ajabu. Fuga ya mwisho katika kitabu hicho haikukamilika. Inakatika baada ya kuingia kiini cha tatu, ambacho noti zake, zikitajwa kwa majina ya Kijerumani, zinasomeka B-A-C-H. Ili mnunuzi asijione amepunjwa, wachapishaji waliongeza mwishoni korali ya sauti nne yenye kichwa Wenn wir in höchsten Nöten sein, yaani "Tuwapo katika dhiki kuu", na nyuma ya ukurasa wa jina la kitabu wakaeleza kwa ufupi kwamba marehemu, katika upofu wake, aliitamka papo hapo, na mmoja wa rafiki zake akaiandika. Hayo ndiyo yote. Rafiki hatajwi jina. Siku haitajwi. Kwamba ilikuwa saa ya kufa, hakusemwi.

Yafaa kukumbuka pia kwamba kitabu hicho kilikuwa bidhaa, tena bidhaa iliyododa. Mwaka 1756 Carl Philipp Emanuel, mwana wa marehemu, alipotangaza kuyauza mabamba ya shaba yaliyotumika kukichapisha, alieleza kwamba nakala zilizokuwa zimenunuliwa zilikuwa kama 30 tu. Sisemi kwamba warithi walidanganya. Nasema kwamba maelezo yale mafupi yaliandikwa na watu waliokuwa na kitabu chenye pengo mkononi, nao walihitaji kumwonyesha mnunuzi kwamba pengo lile limezibwa kwa kitu cha thamani. Korali yenyewe haina uhusiano wa kimuziki na kitabu kile: fuga zote zimejengwa juu ya kiini kimoja katika D ndogo, na korali iko katika G kubwa, juu ya tuni ya kanisa. Iliwekwa pale kama faraja, wala si kama hitimisho la hoja.

Baada ya hapo hadithi ilianza kukua. Mwaka 1754, miaka minne tu baada ya mazishi, mwanatheolojia Johann Michael Schmidt alitoa kitabu kiitwacho Musico-Theologia. Wakati huo walikuwapo wanafalsafa waliofundisha kwamba mwanadamu ni mashine tu, na Schmidt aliwajibu kwa kuwaelekeza kwenye korali hii: kama mtu asiyeona, aliye karibu na kifo, aweza kutunga kitu kama hiki, basi hoja zote za wafuasi wa mada zinaanguka kwa mfano huu mmoja. Tazama jinsi mzigo ulivyoongezeka. Mwaka 1751 kipande kilikuwa fidia kwa mnunuzi. Mwaka 1754 kimekuwa uthibitisho wa kuwapo kwa roho. Kisha mwaka 1802 Johann Nikolaus Forkel, mwandishi wa wasifu wa kwanza mkubwa wa Bach, akalitaja jina lililokosekana: rafiki yule alikuwa mkwewe Bach, Johann Christoph Altnickol, na siku zilikuwa chache kabla ya kifo. Hapo picha ya kitandani ikatimia.

Jina hilo lina shida. Altnickol alimwoa binti Bach mwaka 1749, lakini tangu 1748 alikuwa mpiga kinanda mjini Naumburg, nao si mji wa kwenda Leipzig na kurudi kwa mchana mmoja katika siku za magari ya farasi. Haliwezekani kukataliwa moja kwa moja kwamba alifika kumwuguza mkwewe. Lakini kuna ushahidi mwingine ulio mzito zaidi, nao ni karatasi.

Katika Maktaba ya Taifa mjini Berlin kuna mkusanyo wa hati za mkono ujulikanao kwa alama P 271. Ndani yake Bach aliandika kwa usafi sonata sita za kinanda, kisha korali ndefu alizozirekebisha katika miaka yake ya mwisho, pamoja na vigeuzo vyake juu ya wimbo wa Noeli Vom Himmel hoch. Korali mbili kati ya zile ndefu zimo kwa mwandiko wa Altnickol. Mwishoni kabisa, kwa mwandiko wa mtu mwingine ambaye wachunguzi hawajamtambua, imeandikwa korali yetu, lakini kwa kichwa kingine: Vor deinen Thron tret ich hiermit, yaani "Mbele ya kiti chako cha enzi ninakuja sasa". Inaendelea kwa vipimo 25 na nusu. Hapo karatasi inaisha, na ile iliyofuata imepotea. Noti zilizopo ni karibu zilezile za kitabu cha 1751, isipokuwa masahihisho madogo hapa na pale. Kwa hiyo kipande kimoja kina majina mawili, na nakala yenye jina la pili haina mwisho. Orodha ya kazi za Bach inaziita BWV 668a ile iliyochapishwa, na BWV 668 ile ya hati.

Tena kipande hiki kina mzee wake. Alipokuwa Weimar, kati ya 1708 na 1717, Bach alianza kitabu alichokiita Orgelbüchlein, Kitabu Kidogo cha Kinanda. Alikusudia kukijaza korali 164, akaandika 46. Mojawapo ni juu ya tuni hiihii ya "Tuwapo katika dhiki kuu" (BWV 641). Ukiiweka sauti ya juu ya korali ile changa kando ya sauti ya juu ya ile iitwayo ya kitandani, utaona mara moja kwamba hii imetoka katika ile. Basi yule kipofu hakutunga kitu kipya kutoka hewani. Alikuwa na kipande alichokiandika akiwa kijana wa miaka thelathini hivi, na wakati fulani kabla ya kufa kwake kikapanuliwa. Mwaka 1974 mtaalamu Christoph Wolff, katika makala yaliyoichambua habari hii kama visasili vichambuliwavyo, alionyesha jambo linaloelekea zaidi kuwa kweli: kwamba kipande kirefu kilikuwapo tayari, na kwamba yale aliyoyatamka Bach katika ugonjwa wake yalikuwa masahihisho ya kipande hicho, pamoja na badiliko la kichwa.

Wapo watakaosema: basi, tumeibiwa. Mimi naona kinyume, lakini ili kulieleza hilo yanipasa kwanza kuueleza muziki wenyewe.

Korali ya Weimar ina vipimo 9 tu. Tuni inakwenda katika sauti ya juu mfululizo, mstari kwa mstari pasipo kituo, nayo imevikwa mapambo mengi kiasi kwamba asiyeijua vizuri hataitambua. Ni kama kanzu iliyodariziwa mpaka kitambaa hakionekani. Chini yake sauti tatu zinarudiarudia noti za mwanzo za tuni, mara zikipanda, mara zikishuka. Ni muziki wa kijana mwenye kipaji asiyeficha kipaji chake, na uzuri wake hauna shaka. Wapiga ogani wengi wanaipenda kuliko ile ndefu, nami sitawalaumu.

Katika kipande kirefu darizi karibu yote imeondolewa. Noti za tuni zinasimama wazi, kama zinavyoimbwa na usharika. Mistari minne, ambayo mwanzo ilifuatana bila pumzi, sasa imetenganishwa, na katika nafasi iliyopatikana Bach ameweka kazi ya sauti tatu za chini. Kabla ya kila mstari sauti hizo zinazichukua noti za mstari unaokuja, zinaziimba kwa mwendo wa haraka maradufu, na zinajibizana: moja inasema, nyingine inajibu maneno yaleyale yakiwa yamepinduliwa, pale ilipopanda ya kwanza ikashuka ya pili. Zikisha kulimaliza jambo lao, ndipo tuni inaingia juu kwa noti ndefu na tulivu, na sauti za chini zinaendelea kuisindikiza kwa vitu vilevile vilivyokuwa vikizungumzwa. Kisha kimya cha juu, na mazungumzo yanaanza upya kwa mstari wa pili.

Katika nyimbo zetu nyingi mwimbishaji hutangulia na wengi huitikia. Hapa mpango umegeuzwa: wengi hutangulia, na yule anayengojewa huja baadaye. Msikilizaji anausikia mstari kabla haujafika, lakini anausikia kwa vipande, kwa haraka, ukiwa wima na ukiwa umepinduliwa. Unapofika mzima anautambua kana kwamba aliujua siku zote. Hakuna mahali hata pamoja panapolia kwa nguvu. Hakuna noti za kukwaruza za kuonyesha maumivu, ambazo Bach alizijua kuliko mtu yeyote wa zama zake na kuzitumia sana katika korali nyingine za mateso na kifo. Jina la kipande ni dhiki kuu, na dhiki haisikiki. Mtu anayekifikia akitafuta machozi atakitupa mkono. Kwa maoni yangu hapo ndipo penye thamani yake: kinafanya kazi ile ile, kwa uangalifu ule ule, mstari wa kwanza kama wa nne, bila kuharakisha kwa kuwa muda ni mfupi.

Tugeukie maneno, maana muziki huu ulitungwa kwa watu walioyajua kwa moyo. Wimbo wa dhiki uliandikwa na Paul Eber, mhubiri wa Wittenberg katika kizazi kilichomfuata Luther, ukichapishwa mwaka 1566, juu ya msingi wa shairi la Kilatini la Joachim Camerarius. Chimbuko lake ni sala ya mfalme Yehoshafati katika kitabu cha pili cha Mambo ya Nyakati, sura ya 20, pale majeshi ya Moabu na Amoni yalipomzingira na yeye akakiri mbele ya watu wote kwamba hana nguvu wala hajui la kufanya, ila macho yao yanamwelekea Mungu. Macho! Msomaji na akumbuke kwamba Bach alipasuliwa macho mara mbili, mwishoni mwa Machi na mwanzoni mwa Aprili 1750, na John Taylor, daktari wa Kiingereza aliyekuwa akitembea miji akitangaza ustadi wake, na kwamba baada ya hapo hakuona tena ila kwa muda mfupi sana karibu na mwisho. Kama kweli alikirudia kipande hiki katika miezi ile, alikirudia kipande ambacho wimbo wake unasema habari ya watu wasio na kitu kilichobaki isipokuwa kutazama. Hili mhubiri aweza kulisema bila kuongeza chumvi.

Wimbo wa kiti cha enzi ni wa baadaye. Unatajwa kuwa wa Bodo von Hodenberg, mtu wa Hannover, nao ulichapishwa mwaka 1646. Jambo la kushangaza kwa wengi ni kwamba si wimbo wa mazishi. Ni wimbo wa sala ya kila siku, uliowekwa kuimbwa asubuhi, mchana na jioni. Mwimbaji anajileta mbele za Mungu akishukuru kwa kuumbwa, kwa kukombolewa na kwa kutunzwa, na mwishoni tu anaomba mwisho mwema na kufufuliwa siku ya mwisho. Kwa hiyo badiliko la kichwa halikuwa kutoka maisha kwenda mauti. Lilikuwa kutoka sala ya mji uliozingirwa kwenda sala ya kila siku. Mtu anayekufa akichagua sala ya jioni ya kawaida badala ya maombolezo, amesema jambo ambalo mafundisho ya Kilutheri juu ya kufa yamelisema tangu mahubiri ya Luther ya mwaka 1519 kuhusu kujiandaa kufa: kwamba mauti hayaangaliwi katika mauti yenyewe, bali katika Kristo, na kwamba maandalizi yake ni yale yale ya kila siku, Neno na Sakramenti. Bach mwenyewe alipokea Ushirika Mtakatifu nyumbani kwake tarehe 22 Julai 1750 kwa mkono wa Christoph Wolle, mchungaji aliyemsikiliza ungamo. Tukio hilo limeandikwa, lina tarehe na jina la mhudumu. Inastaajabisha kwamba wahubiri wanaosimulia habari ya noti zilizotamkwa huiruka habari hii iliyo na hakika zaidi.

Juu ya tuni yenyewe neno moja tu. Haikutoka Wittenberg. Ilitoka Geneva, mikononi mwa Louis Bourgeois, katika mwaka 1547, ambako iliimbwa na Wakristo wa Calvin kwa maneno ya Amri Kumi. Tuni ya Sheria ikawa tuni ya dhiki, kisha ya kukaribia kiti cha enzi. Sidhani Bach aliyafikiria hayo, na sitaki kujenga mahubiri juu yake. Lakini mwalimu wa darasa la Sheria na Injili aweza kuona kwa nini nimelitaja.

Hapa sharti nijihadhari, na ninawaomba wasomaji wajihadhari pamoja nami. Ni rahisi kuivunja hadithi moja na kuijenga nyingine mahali pake. Nimekwisha kusikia ikisemwa kwamba mzee, akikaribia kufa, aliyavua mapambo ya ujana wake na kubaki na imani tupu. Ni picha tamu, lakini hati hazituruhusu. Mapambo yaliondolewa wakati kipande kilipopanuliwa, na tarehe ya kazi hiyo haikuandikwa popote. Inaweza kuwa miaka mingi kabla ya ugonjwa. Vilevile wapo waliohesabu noti za sauti ya juu na kupata 14 katika mstari wa kwanza na 41 katika tuni yote, wakasema kwamba ni sahihi ya Bach, kwa kuwa herufi za jina lake zikihesabiwa kwa nafasi zao katika alfabeti zinaleta 14, na pamoja na J na S zinaleta 41. Hesabu ya herufi ni sahihi. Kwamba noti ziliwekwa kwa ajili yake ni jambo jingine, na hata kama ziliwekwa, hakuna sikio linalosikia 14. Mkristo aliyefiwa hafarijiwi kwa tarakimu.

Basi mchungaji akitaka kuitumia korali hii aseme nini? Aseme kwamba mtunzi mkubwa, alipokuwa haoni tena, aliomba kipande cha zamani kirudiwe. Kwamba alisahihisha noti chache ndani yake, kazi ambayo asingelipwa. Kwamba jina la wimbo lilibadilishwa. Na kwamba hatujui ni nani aliyeshika kalamu. Hayo yana nguvu zaidi kuliko muujiza wa Forkel, kwa kuwa ni mambo ambayo mkulima wa Marangu au mama muuza samaki anaweza kuyatambua kuwa ya maisha yake: kurudia kazi iliyokwisha kufanywa na kuinyosha kidogo. Muujiza hutustaajabisha na kutuacha mbali. Schmidt aliuhitaji ili kuwashinda wanafalsafa. Mtu aliyefiwa hashindani na mtu.

Tuliozipokea korali za Kijerumani kupitia wamisionari wa Leipzig, waliofika Kilimanjaro mwaka 1893 kutoka mji uleule alikozikwa Bach, tumezoea kuziimba kuliko kuzisikiliza zikitafsiriwa kwa kinanda. Ogani za mabomba ni chache kwetu. Lakini chapa ya 1751 iliandikwa katika mistari minne tofauti, kila sauti na mstari wake, na mwalimu wa kwaya asomaye noti aweza kuifuata kwa kidole, hata kuwagawia waimbaji wanne waipitie taratibu kwa sauti tupu. Akifanya hivyo ataona jambo ambalo kinanda hulificha kidogo. Mstari wa nne ukifika kwenye noti yake ya mwisho, sauti ya kwanza haina tena mahali pa kwenda. Inabaki palepale, imeshikilia noti moja, huku zile tatu za chini zikiendelea kusemezana chini yake kabla hazijatulia. Mwimbaji wa sauti ya kwanza atahitaji pumzi.

Vipimo hivyo vya mwisho, hata hivyo, havimo katika hati ya Berlin. Vimo katika kitabu cha 1751 peke yake. Kila apigaye korali hii leo chini ya jina la kiti cha enzi, akifika katikati ya kipimo cha 26, hugeuza ukurasa na kuazima sehemu iliyobaki kutoka katika nakala yenye jina la dhiki.